Sindano za Udongo

Albertine hakuwahi kuliosha pipa lake la munkoyo kwa sabuni, na ukitaka kugombana naye, mshauri alioshe. Alilisuuza kwa maji ya moto, akalifunika kwa kitambaa, basi. Wateja wa mjini, hasa wale wenye kola zilizopigwa pasi, walichungulia ukoko mweupe ulioganda ukingoni, wakakunja pua, halafu wakanywa vikombe viwili. Munkoyo ni uji mwembamba wa mahindi unaotiwa mizizi iliyopondwa, kisha ukaachwa ulale. Asubuhi uji haupo tena; pana kinywaji kitamu chenye ukali kidogo wa kuamsha ulimi. Pipa likisuguliwa mno, alisema Albertine, munkoyo huzaliwa mjinga. Kwa nini, hakujua. Mama yake alifanya hivyo, na bibi yake pia, na wote wawili hawakuwa watu wa kuulizwa maswali.

Zamani hakuwa akiuza kitu. Alikuwa mke wa mtu wa kampuni, na pale Panda, kambi ya kampuni ya shaba, mke wa mtu wa kampuni alikaa akangoja: unga ulikuja, samaki walikuja, vitabu vya shule vya mtoto vilikuja. Kisha vikaanza kuja nusu. Kisha havikuja. Wanawake wa kambi wakatoka mmoja mmoja hadi barabarani, beseni kichwani, kila mmoja akijifanya anapita tu. Hakuna aliyemcheka mwenzake, maana la kuvunda halina ubani, na nchi nzima ya Zaïre ilikuwa inanuka.

Mumewe, Symphorien, alikuwa msikilizaji. Kwenye karatasi waliandika fundi wa mitambo, lakini kazi yake hasa ilikuwa masikio. Kiwanda cha Panda kilikuwa na vinu vya kusagia mawe ya shaba, vinu vikubwa kama nyumba, vinazunguka na mipira ya chuma tumboni. Kinu kikibadili sauti aliitwa yeye. Aliweka ncha moja ya fimbo ya chuma kwenye mtambo na ncha nyingine nyuma ya sikio, akatulia, kisha akatoa habari: hiki kina njaa, kiongezeeni mawe, hiki kimeshiba mno, hapa kuna beringi inalia, ibadilisheni. Nyumbani alikuwa hivyo hivyo. Kwa mlio wa sufuria tu alijua kama mkewe ana hasira, na tena hasira ya namna gani. Albertine alimpenda kwa hilo, na siku nyingine lilimchosha hadi basi, kwa sababu mwanamke naye anahitaji mahali pa kununia pasipojulikana.

Vinu vikasimama. Mara hakuna spea, mara umeme wa bwawa la Mwadingusha umekatika, mara mawe hayakufika, na kila mara waliambiwa ni kwa muda. Siku kinu cha mwisho kilipozimwa, watu wa kambi waliamka na vichwa vizito bila kujua sababu, maana mngurumo ule walizaliwa wakaukuta. Wahenga walisema kimya kingi kina mshindo mkuu, lakini wahenga hawakuwahi kukaa Panda. Kimya cha Panda hakikuwa na mshindo wowote. Kilikaa tu, kama mgeni asiyesema anaondoka lini.

Mwaka huohuo nyumba ya jirani ilibaki wazi. Familia ya Bertin, ambao babu yao ndiye aliyetoka mkoa wa Kasai, walibeba magodoro yao hadi stesheni pamoja na maelfu ya wenzao, kwa kuwa vijana wa mjini walikuwa wamesema kazi na mkate ni vya wenyeji. Mke wa Bertin alikuwa amemsaidia Albertine kuzaa. Albertine alisimama mlangoni, mwiko mkononi, akawatazama wanapita. Hakulia, hakupunga mkono, hakusema hata kwaheri. Aliona aibu baadaye, lakini hata aibu yenyewe ilikuja hafifu. Kitu ndani yake kilikuwa kimekufa ganzi kama mguu uliokaliwa, na kila alipotaka kiamke, kilikataa.

Basi Symphorien alipoanza kukohoa, mkewe alishughulika kama mtu anayefagia uwanja. Alimpeleka zahanati, mume akapewa vidonge vya kifua kikuu, akapata nafuu. Kisha dawa zikakatika mjini kote, akakaa bila vidonge, na kikohozi kikarudi na damu. Safari hii alikonda hadi shati likawa linamvaa yeye. Binti yao Reine, aliyeolewa Kipushi, alituma ujumbe kwamba anafunga na kuomba. Albertine alijibu asante, akaenda kuponda mizizi yake.

Aliyewaletea sindano ni Mado, muuguzi wa zahanati ya masista. Mado alikuwa mwanamke mnene, mchangamfu, mkazi wa Kikula, upande wa pili wa mji, na kabla ya kuanza kazi alipitia kila asubuhi kunywa munkoyo wa Albertine. Siku sindano zilipofika alikinywa kikombe chake taratibu, akaligonga pipa kwa ukucha.

"Mama Reine, unayua ile dawa ya Baba Reine inatoka wapi?"

"Kwa bazungu," alisema Albertine.

"Inatoka mu udongo! Mu udongo muko tududu, tudogo sana, macho haiwezi kutuona. Ni kama tule twenye kutumika humu mu pipa yako. Weye unazania ni mizizi peke yake njo inafanya munkoyo? Ni tududu tunakula ule uji, tunaugeuza. Njo sababu pipa yako haipende sabuni."

Albertine alilitazama pipa lake kama mtu aliyeambiwa kwamba mpangaji wake ana watoto wengi kuliko alivyosema.

"Sasa, tule twa mu udongo tunagombaniaka chakula," Mado aliendelea. "Kila moja inafanya sumu yake, inamutupia jirani, jirani anakufa, yeye anabakia na mahali. Bantu ba masomo bakaona ile sumu inaua na kikohozi. Bakaikamata, bakaitia mu chupa. Ile harufu ya mvula ya kwanza, yenye kutoka chini? Ni tududu twa ile jamaa njo tunaitoa."

"Minye nilikulaka udongo ya kichuguu na mimba ya Reine," alisema Albertine. "Sikupona kitu."

Mado alicheka hadi akashika ukuta. Albertine hakucheka. Alikuwa amegeuka kuutazama mlango wa Bertin, ambao mtu alikuwa amekwisha kuung'oa akaenda nao, na alikuwa akiwaza habari ya jirani kumtupia jirani sumu ili abaki na mahali. Hata hilo halikumuuma. Alilijua tu, kama mtu anavyojua kwamba leo ni Jumanne.

Mado alifuta midomo, akawa wa kazi tena. "Lakini sikiliza muzuri, mama. Hii dawa iko na maneno. Inakulaka masikio. Haiko kwa bantu bote. Kama anasikia makelele yenye bengine habasikie, ao anapepesuka, uniambie siku ile ile. Nitakatisha sindano."

"Na kisha?"

"Kisha tutabakia na vidonge tu, na vidonge iko kidogo." Mado alimrudishia kikombe. "Siyui, mama. Mara ya kwanza tulikatisha, uliona. Sikuambie uongo."

Mado alimweleza Symphorien vilevile, na Symphorien akajibu kwamba masikio yake yamekula kelele za vinu ujana wake wote. Udongo utayafanya nini?

Wakaanza. Kila asubuhi walitembea pole pole hadi zahanati, mume anachomwa, mke anangoja benchini. Muda mfupi baada ya sindano Symphorien alikuwa akijigusa midomo na kusema haipo, ina ganzi, kama ya mtu aliyetoka kung'olewa jino. Albertine alimsikiliza, na mara moja, pasipo mtu kuona, alijigusa midomo yake mwenyewe. Kikohozi kikapungua. Damu ikakoma. Miguu ikaanza kupata nguvu, na yule mwanamume aliyekuwa akilala ameukabili ukuta akaanza kuketi nje, mgongo juani.

Ni hapo nje, mchana mmoja, alipoinua mkono ghafla.

"Mama Reine! Nyamaza kidogo. Unasikia?"

Albertine aliusimamisha mchi. "Nasikia nini?"

"Broyeur! Imeanza!"

Broyeur ndilo jina la kinu kwa watu wa kiwandani. Albertine alisikiliza. Alisikia kuku, watoto, na wale walokole wa barabara ya tatu wakifanya mazoezi ya nyimbo. Alifikiri labda ni mashine ya kusaga unga pale sokoni, lakini umeme ulikuwa umekatika tangu alfajiri. Alijifunga kitenge vizuri, akatembea hadi mwisho wa barabara, ambako kiwanda kinaonekana chote. Hapakuwa na moshi, hapakuwa na mtu. Mbuzi walikuwa wakila majani yaliyoota kwenye reli. Alisimama pale kidogo, na tayari alikuwa ameelewa.

Aliporudi, Symphorien alikuwa ameinamisha kichwa upande, kama alivyokuwa akifanya zamani kazini. Alikuwa akitabasamu. Albertine hakuwa ameuona uso ule tangu vinu vizimwe, na alikuwa amefikiri hatauona tena.

"Inaimba muzuri," alisema Symphorien. "Iko na njaa kidogo. Batanita, utaona. Nani mwingine atabasaidia?"

"Batakuita," alisema Albertine, akaurudia mchi wake.

Njiani asubuhi iliyofuata alijiambia atamweleza Mado. Aliyapanga maneno, yalikuwa machache. Wakafika. Mado aliandaa sindano, akauliza kama alivyouliza kila siku: "Masikio?"

"Masikio!" Symphorien alijibu, kifua mbele. "Iko muzuri kupita zamani. Hata broyeur naisikia toka kwetu."

"Ah! Imeanza?" Mado aliuliza. Panda alipita asubuhi tu, na kule Kikula habari za kiwanda zilifika kama uvumi tu, kila wiki kimefunguliwa na kila wiki kimefungwa. Alimgeukia Albertine, sindano juu, akangoja.

Hapo ndipo mahali pa kusema. Neno moja, na sindano ingerudi kwenye kisanduku, masikio yangebaki, na kifua kingerudi mikononi mwa vidonge vilivyowahi kukishindwa. Albertine alikumbuka beseni ambamo Symphorien alikuwa akitema damu. Hakukumbuka kitu kingine. Heri nusu shari kuliko shari kamili, wanasema, lakini wanaosema hivyo huwa wanazungumza juu ya shari yao wenyewe, na hii ilikuwa ya mtu mwingine, mtu aliyesimama palepale amekunja shati akitabasamu.

"Njo vile, imeanza," alisema Albertine. "Ni essai, banajaribu mchana tu."

Mado alisema Mungu ni mwema, akamchoma.

Albertine alingoja moyo umpige. Haukupiga. Akarudi nyumbani akauza munkoyo.

Uongo, ukishaufungulia mlango, unataka na kiti. Floribert, aliyefanya kazi na Symphorien na sasa akilinda lango la kiwanda kisicho na cha kuibwa, alikuja kumjulia hali mwenzake, akaambiwa habari za kinu. "Broyeur gani, ndugu yangu?" alianza, na Albertine akamshika mkono wa shati akampeleka nyuma ya nyumba. Walisemezana. Floribert aliporudi mbele aliketi, akakohoa, akasema njo vile, ni essai, bado wanarekebisha. Baada yake barabara nzima ikajua. Watu waliopita walimwambia Symphorien, "Naona inanguruma leo!" naye akawajibu kwa furaha kwamba bado ina njaa. Hawakumcheka. Katika mji ambao kila mtu alikuwa akingoja kitu kianze tena, yeye peke yake alikuwa amekipata, na nadhani wengine walimwonea wivu.

Naye alikula. Alikula bukari, yaani ugali, kama mtu anayetayarishwa kwa kazi, akatengeneza buti zake, akanyoosha mgongo. Albertine alimwona anarudi mwili siku kwa siku na akajiambia: ona, kumbe. Lakini pia alimwona anavyoshika ukuta akiinuka. Alitembea miguu imeachana, na gizani alianguka, hadi mama mmoja wa jirani akauliza kwa upole kama sasa mzee anaonja pombe ya lutuku. Jogoo waliacha kumwamsha. Watoto waliita "Baba Reine!" na hakugeuka. Sababu anayo: "Inapiga sana leo, ile broyeur. Inafunika bantu." Akazoea kutazama midomo ya watu, hata ya Mado aliyeuliza neno lilelile kila asubuhi, na zahanati akaingia akiegemea bega la mkewe. Albertine akazoea kusimama penye mwanga anaposema naye, uso kwa uso, pole pole, na mambo yasiyo ya lazima akaacha kuyasema. Siku hizi angeweza kununa kadiri alivyotaka. Sufuria zingeweza kulia hadi zitoboke.

Mado aligundua mwishoni mwishoni, sindano zikiwa zimebaki za kuhesabika. Alimwita Symphorien kwa nyuma, akamwita tena, akapiga makofi. Symphorien aliendelea kufungua vifungo vya shati. Mado akamgeukia Albertine.

"Broyeur haikuanza."

"Hapana," alisema Albertine.

Mado alirudisha sindano kwenye kisanduku, akakifunga. "Ningejaribu," alisema. "Vidonge ningetafuta hata Lubumbashi. Ningejaribu, Albertine." Tangu siku ile hakumwita tena Mama Reine, na hakupita tena kunywa munkoyo. Makohozi yalipopimwa baada ya miezi, alituma mtu aseme kwamba hayana kitu, mgonjwa amepona.

Amepona! Reine alitoka Kipushi na kuku wawili, padre akaja, watu wakala. Symphorien alikaa katikati yao amenenepa, akiitikia kwa kichwa kila midomo iliposimama. Albertine aligawa chakula. Watu walimpongeza kwa kumuuguza mumewe hadi uzima, akasema asante, asante.

Juma lililofuata Symphorien alivaa nguo zake za kazi. Albertine alimshika kiwiko, akasimama penye mwanga, akasema hawajamwita bado. "Banasahau," alijibu kwa ile sauti yake mpya, kubwa mno, ya mtu asiyejisikia. "Nitaenda kubakumbusha." Akatoka, mkono mmoja ukipapasa kuta za nyumba. Albertine hakumfuata. Alikaa kando ya pipa, wateja wakaja, akawapimia. Alijua mlango wa kiwanda, alijua Floribert angempisha kwa heshima, alijua ni hatua ngapi za giza kutoka langoni hadi kwenye kinu, na alimwona kichwani anavyokwenda.

Alirudi kabla ya jua kuzama. Viganja vyake vyote viwili vilikuwa vyekundu kwa kutu. Aliketi kwenye kiti chake, akaviweka magotini, akavitazama.

"Iko baridi," alisema. "Nimeweka mikono. Ndege banajenga mule. Mama Reine, imesimama tangu wakati gani?"

Albertine alisogea mahali penye mwanga. "Haikuanza," alisema.

Symphorien aliitazama midomo yake. "Rudilia."

"Haikuanza. Hata siku moja."

"Na hii makelele? Mpaka sasa inapiga."

"Ni dawa. Ni zile sindano."

Alifikiri. Mtu aliyewahi kuisikia beringi ikiugua ndani ya kinu hakuhitaji msaada kuyaunganisha yaliyobaki, na Albertine aliyaona yanapounganika, moja baada ya jingine, usoni pake.

"Weye uliyua?"

Albertine aliitikia kwa kichwa: ndiyo.

"Tangu siku ya kwanza?"

Ndiyo.

Albertine alitamani mumewe ampige. Alitamani hata avunje pipa. Symphorien alijifuta viganja kwenye suruali, taratibu, kimoja kisha kingine, akaegemea ukuta.

"Ungeniuliza tu, Mama Reine," alisema kwa ile sauti kubwa, na watu wawili waliokuwa wakipita na baiskeli wakageuka.

Ndipo ganzi ilipomtoka Albertine, yote kwa pamoja, na iliuma kuliko alivyokumbuka kwamba kitu kinaweza kuuma.

"Na ungejibu nini?" aliuliza. "Baba Reine? Ungejibu nini?"

Lakini Symphorien alikuwa amefumba macho. Albertine aliuliza tena, akapiga kelele, hadi walokole wa barabara ya tatu wakanyamaza. Alinyoosha mkono amguse bega, akaurudisha. Kisha alibaki amesimama palepale, penye mwanga, akingoja afumbue.